Makasi ya Mhariri na Damu ya Indonesia

Tarehe 10 Novemba 2025, siku ambayo Indonesia huwakumbuka mashujaa wake, Rais Prabowo Subianto alimtunuku marehemu Suharto cheo cha shujaa wa taifa. Suharto ndiye jemadari aliyeshika hatamu za nchi ile baada ya machafuko ya mwaka 1965, akaikalia kwa zaidi ya miaka 30 mpaka maandamano ya wananchi yalipomng'oa mwaka 1998. Prabowo mwenyewe aliwahi kuwa mkwewe. Katika orodha ile ile ya watu kumi waliotunukiwa siku hiyo yumo Marsinah, binti mfanyakazi wa kiwanda aliyetekwa na kuuawa mwaka 1993, katika enzi ya huyo huyo Suharto. Yumo pia Abdurrahman Wahid, mwanachuoni na rais wa zamani, ambaye mwaka 2000 aliomba radhi kwa ajili ya sehemu ya watu wa jumuiya yake, Nahdlatul Ulama, katika mauaji ya 1965. Aliyetawala, aliyeuawa na aliyeomba radhi, wote wamevishwa kilemba cha namna moja.

Wahenga walinena kuwa mwamba ngoma huvutia kwake. Serikali nazo huwamba ngoma zao, na msomaji wa ukurasa huu huenda akauliza: siasa hizi za mbali zina nini na utamaduni? Zina mengi. Mabishano ya nani shujaa na nani muuaji katika nchi ile yamepiganwa kwa miaka 40 ndani ya sinema, na miongoni mwa waliopigana ni mtu ambaye hata wapenzi wa sinema wengi hawalijui jina lake. Si mwigizaji, wala si mwongozaji. Ni mhariri wa filamu, raia wa Denmark, kwa jina Niels Pagh Andersen. Ukiifuata kazi ya mtu huyu utaona kwamba makasi yake aghalabu hupita mahali ambapo wengine hufumba macho.

FILAMU ILIYOFUNDISHA UWONGO

Kwanza tukumbushane yaliyotokea. Usiku wa kuamkia Oktoba 1, 1965, kikundi cha wanajeshi kiliwaua majenerali sita mjini Jakarta. Jeshi chini ya Suharto likakitupia lawama Chama cha Kikomunisti, na kwa muda wa miezi kadha iliyofuata watu walichinjwa kutoka Sumatra mpaka Bali. Wanahistoria wengi hukadiria kuwa waliouawa si chini ya 500,000, na wako wanaofikisha milioni moja. Jeshi halikuifanya kazi hii peke yake. Liliwatia silaha mikononi vijana wa mitaani na makundi ya siasa na ya dini. Nao waliouawa hawakuwa wakomunisti peke yao. Walikuwamo wakulima waliodai ardhi, wafanyakazi wa mashamba ya mpira waliojiunga na vyama, walimu, watu wa asili ya Kichina, na wengine wengi ambao kosa lao lilikuwa kuchongewa na jirani.

Mwaka 1984 serikali ya Suharto ilitoa filamu ya zaidi ya saa nne, Pengkhianatan G30S/PKI, iliyoonyesha majenerali wakiteswa na wakomunisti walio kama mashetani. Kila ifikapo Septemba 30 filamu ile ilionyeshwa katika televisheni, na watoto wa shule wakashurutishwa kuitazama, mpaka Suharto alipoanguka. Majenerali sita waliliwa kila mwaka. Nusu milioni ya watu wengine hawakuonekana hata kivuli chao. Kizazi kizima kikalelewa hivyo, kikaamini kuwa waliouawa walistahili.

Hiki ni kisa cha kutia maanani. Tumezoea kufikiri kuwa sinema ni mchezo wa kupumbaza watu baada ya kazi. Huko Indonesia sinema ilikuwa kama chuo, na somo lake lilikuwa moja tu, likirudiwa mwaka hadi mwaka.

KAZI YA MHARIRI NI NINI?

Watu wakisifu filamu humsifu mwongozaji, kama wasifuvyo jahazi kwa kumtaja nahodha. Lakini filamu ya mambo ya kweli haiandikwi kwanza ikapigwa picha baadaye. Mpiga picha huzunguka nayo kamera miaka na miaka, akaleta shehena ya picha ambazo bado si hadithi. Hapo ndipo mhariri hukaa chumbani na shehena hiyo, akachagua, akakata, akaunga. Kwa ajili ya filamu iitwayo The Act of Killing, saa zaidi ya 1,000 za picha zilikusanywa. Mtu akiketi kuzitazama saa nane kwa siku, bila ya kupumzika hata Ijumaa wala Jumapili, itamchukua zaidi ya miezi minne kuzimaliza, na hapo bado hajakata kitu. Filamu iliyotoka ina muda wa saa mbili hivi, na nakala yake ndefu ina dakika 159.

Sisi tunaotunga mashairi tunayo fununu ya kazi hii. Mtunzi huwa na maneno mengi matamu, lakini mizani humwamuru ayatupe, na vina humlazimisha kuhamisha neno la ukwapi kulipeleka utaoni. Ubeti ukikamilika, msikilizaji hajui ni mangapi yaliyoachwa nje. Hata hivyo tofauti ipo, tena kubwa. Neno lililotupwa na mtunzi halina wa kulililia. Mhariri akiitupa picha ya mama anayemlilia mwanawe, amemtupa mama pamoja na kilio chake. Na akiibakisha akaiweka mahali pasipostahili, amemfanya mama yule kuwa kitu cha kutazamwa na wenye tiketi. Hii ni amana, na si kila mwenye makasi huichunga.

Pagh Andersen alizaliwa mwaka 1958, na kazi hii ameishika kwa zaidi ya miaka 40. Amehariri filamu za hadithi na za mambo ya kweli, amefundisha vijana, na mwaka 2021 alitoa kitabu, Order in Chaos, ambacho jina lake humaanisha mpango ndani ya vurugu. Lakini zilizompa sifa duniani ni zile za giza.

Mwaka 2004 alifanya kazi na Pirjo Honkasalo, mwongozaji wa kike kutoka Finland, katika filamu The 3 Rooms of Melancholia, yaani vyumba vitatu vya huzuni. Filamu hiyo yahusu vita vya Chechnya, lakini risasi karibu hazisikiki. Chumba cha kwanza ni chuo cha jeshi cha Kronstadt karibu na St. Petersburg, ambako watoto wa Kirusi, wengi wao mayatima, wanafunzwa uaskari. Cha pili ni Grozny iliyobomolewa, ambako mwanamke mmoja anawachukua watoto kutoka kwa mama yao aliye mgonjwa. Cha tatu ni Ingushetia, wanakolelewa watoto wa Kichechnya waliokimbia vita. Hakuna mtaalamu wa kueleza nani ana haki na nani mkosa. Nyuso za watoto wa upande huu zinafuatwa na nyuso za watoto wa upande ule, na mtazamaji mwenyewe anaona kuwa watoto hawa wanakuzwa ili kesho wauane. Hoja nzima imetolewa kwa kuunga picha tu. Mhariri wa namna hiyo ndiye aliyehitajiwa Indonesia.

MUUAJI NA SURUALI NYEUPE

Joshua Oppenheimer, Mmarekani, alifika Sumatra ya Kaskazini mwaka 2001 kuwasaidia wafanyakazi wa mashamba kutengeneza filamu juu ya maisha yao. Wafanyakazi wale waliogopa kujiunga na chama, kwa kuwa wazee wao waliuawa mwaka 1965 kwa kuwa wanachama, na wauaji bado walikuwa majirani zao. Jeshi lilipoanza kuwatisha waathiriwa wasiseme, wao wenyewe wakamshauri awaendee wauaji. Akawaendea. Wauaji hawakuwa na hofu wala haya. Walisema kwa fahari, wakaonyesha na mahali walipofanyia kazi yao.

Wa arobaini na moja katika hao alikuwa Anwar Congo wa mji wa Medan. Katika ujana wake alikuwa akilangua tiketi nje ya majumba ya sinema, akipenda picha za majambazi za Marekani, na akiwachukia wakomunisti waliotaka picha hizo zisusiwe, maana walimkatia riziki. Mwaka 1965 jeshi likampa kazi nyingine. Yakisiwa kuwa aliua kwa mkono wake watu wapatao elfu moja, wengi wao kwa kuwanyonga kwa waya, kwa sababu damu ilikuwa ikinuka na kumtaabisha kuisafisha. Oppenheimer alimwomba yeye na wenziwe waigize mauaji yao kwa namna yoyote waipendayo. Wakayaigiza kama sinema za majambazi, za wachunga ng'ombe wa Kimarekani, hata kwa nyimbo na wacheza ngoma mbele ya maporomoko ya maji, ambapo aliyenyongwa anamvisha muuaji nishani na kumshukuru kwa kumpeleka peponi.

Ndipo shehena hiyo ikafikishwa kwa wahariri. Walikuwa kadha, akiwamo Mdenmark mwenziwe mkongwe, Janus Billeskov Jansen, na Pagh Andersen alikuwa nguzo yao. Msomaji ajaribu kujiweka mahali pao. Ungeanza vipi? Njia nyepesi ingekuwa kuleta wanahistoria wakae mbele ya vitabu, watoe hesabu ya maiti, kisha Anwar aonyeshwe kama zimwi. Hawakuifuata. Maandishi machache mwanzoni yanatupa habari za 1965, kisha tunaachwa nyumbani kwa Anwar. Tunamwona akiwafundisha wajukuu wake kumhurumia kifaranga cha bata kilichovunjika mguu, na kukiomba msamaha. Tunamwona juu ya sakafu ya paa alipowanyonga watu, akieleza jinsi waya ulivyofungwa, kisha akicheza cha-cha-cha papo hapo.

Baadaye anaonyeshwa picha hiyo katika televisheni. Mtazamaji anangoja: sasa atashituka, sasa atajuta. Anwar anajitazama, uso unamkunjamana, kisha analalamika kuwa suruali nyeupe haikufaa. Siku za kuua hakuwa akivaa nyeupe. Anaona pia kuwa yafaa nywele zipakwe rangi. Katika saa zaidi ya 1,000, kuichagua dakika ile na kuiachia muda wake ndiyo kazi ya mhariri. Mwanachuoni angehitaji sura nzima kueleza namna mtu awezavyo kujua na kutojua kwa wakati mmoja. Hapa imesemwa kwa suruali.

Yuko na jirani wa Anwar, anayechekacheka mbele ya wauaji huku akisimulia jinsi baba yake wa kambo, mtu wa asili ya Kichina, alivyochukuliwa usiku na maiti yake kuokotwa chini ya pipa la mafuta. Anasema anasimulia tu, iwafae katika mchezo wao, wala si kuwalaumu. Punde katika maigizo anapewa nafasi ya mtu anayeteswa, na kilio anacholia hakifanani na cha kuigiza. Wauaji hawaoni tofauti. Sisi tunaiona, kwa sababu mhariri ametusikilizisha kwanza kile kicheko.

Mwisho Anwar mwenyewe anaigiza kuwa mtu anayenyongwa. Anapotazama picha hiyo anauliza kama wale aliowatesa walihisi hivyo alivyohisi yeye. Oppenheimer anamjibu kuwa wao walihisi vibaya zaidi, maana wewe ulijua ni mchezo na wao walijua wanakufa. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu. Baada ya hapo Anwar anarudi kwenye paa lile lile alilocheza mwanzo. Mara hii hachezi. Mwili wake unajaribu kutapika na hakuna kinachotoka. Picha imeachwa ndefu, mtazamaji hapewi pa kukimbilia. Msemo mmoja na picha moja, mwanzo na mwisho, kama kituo cha shairi kinachorudi na maana nyingine.

LAWAMA

Filamu ilipotoka mwaka 2012 ilisifiwa, ikatunukiwa na chuo cha filamu cha Uingereza, BAFTA, na mwaka 2014 ikashindania tuzo ya Oscar. Lakini lawama nazo zilikuja, na hazikuwa za ovyo. Walisema: mmewapa wauaji jukwaa, mmewapa mavazi na muziki, na walionyongwa wamekosa hata jina. Walisema pia kuwa mkono wa jeshi hauonekani sawasawa, na mkono wa mataifa ya nje hauonekani kabisa. Nyaraka za ubalozi wa Marekani mjini Jakarta zilizotolewa mwaka 2017 zinathibitisha kuwa mabwana wale walijua vyema watu walivyokuwa wakiuawa.

Kwa maoni yangu lawama ya pili ina uzito. Mtu asiyejua historia anaweza kutoka katika filamu ile akidhani mauaji ya 1965 yalikuwa kazi ya wahuni wapenda sinema, ilhali yaliagizwa na wenye vyeo mabegani. Lawama ya kwanza sikubaliani nayo sana. Wauaji wale hawakupewa jukwaa na Oppenheimer. Walikuwa nalo tangu 1965. Filamu yenyewe inaonyesha televisheni ya serikali ikimhoji Anwar, na mtangazaji wa kike akitabasamu huku akisifu njia yake ya kuua isiyomwaga damu nyingi. Mhariri hakuwapandisha jukwaani; aliwasha taa ukumbini ili tuwaone na wale wanaowapigia makofi.

NYENJE WANALIA

Jawabu kamili kwa lawama hizo lilikuja mwaka 2014 katika filamu ya pili, The Look of Silence, ambayo Pagh Andersen aliihariri peke yake. Picha zake nyingi zilipigwa mwaka 2012, ya kwanza ikiwa imeshahaririwa lakini haijatoka, kwa kuwa ikishatoka isingewezekana tena kurudi Sumatra kwa salama.

Ndani yake yumo Adi, mpima macho anayezunguka vijijini na miwani. Kaka yake, Ramli, aliuawa kabla yeye hajazaliwa. Adi anakaa kimya mbele ya televisheni akitazama picha za mwaka 2004: wazee wawili wanatelemka kwenda Mto wa Nyoka, wanaonyesha kwa mikono walivyomkata Ramli, kisha wanapiga picha ya ukumbusho huku wakinyoosha dole gumba. Kisha Adi anawaendea wauaji wenyewe. Anawavalisha miwani ya kupimia, anawauliza kama wanaona vizuri, halafu anawauliza kuhusu 1965.

Katika filamu ya kwanza kulikuwa na kelele, rangi na ngoma. Katika hii kuna sauti ya nyenje wa usiku na uso wa mtu anayesikiliza. Mhariri mwenye pupa angekata mara swali linapokwisha ili apate jawabu. Pagh Andersen anauacha uso. Mzee anameza mate, anatazama kando, anauliza kwa nini maswali haya yanaingia siasa. Mwingine anatishia. Binti mmoja, asikiapo kwa mara ya kwanza mbele ya mgeni kuwa baba yake alikunywa damu ya aliowaua, anababaika, kisha anamwomba Adi msamaha kwa niaba ya baba yake na kumkumbatia. Na Adi anagundua kuwa hata mjomba wake mwenyewe alikuwa mlinzi wa gereza walimowekwa watu kabla ya kuuawa. Kikulacho ki nguoni mwako.

Imetiwa pia taarifa ya televisheni ya Kimarekani ya NBC ya mwaka 1967, inayoonyesha wafungwa wakifanyishwa kazi katika shamba la mpira la kampuni ya Goodyear, na mtangazaji akiyasimulia mauaji kama ushindi. Hapo mkono wa nje umetajwa bila ya hotuba. Na katika darasa la mwana wa Adi, mwalimu anawaambia watoto kuwa wakomunisti waliwang'oa majenerali macho. Filamu ya 1984 ilikuwa haionyeshwi tena kwa lazima, lakini mafunzo yake yalikuwa bado ubaoni.

Sasa tazama tarehe. Filamu ya kwanza ilibidi ionyeshwe kwa siri katika Indonesia, kisha mwaka 2013 ikatolewa bure katika intaneti kwa watu wa nchi ile. Hii ya pili ilionyeshwa hadharani Jakarta, chini ya tume ya taifa ya haki za binadamu na baraza la sanaa la mji huo, tarehe 10 Novemba 2014, Siku ya Mashujaa. Kabla ya mwaka huo kwisha bodi ya filamu ilikuwa imeshaipiga marufuku isionyeshwe kwa umma. Januari 2023 Rais Joko Widodo alikiri kuwa mauaji ya 1965 na 1966 ni miongoni mwa makosa makubwa ya haki za binadamu, akasema anasikitika, ingawa hakuomba radhi wala hakumpeleka mtu mahakamani. Na Novemba 10, 2025, miaka kumi na mmoja kamili tangu Adi aonekane katika ukumbi wa Jakarta, siku ile ile ikatumika kumfanya Suharto shujaa.

Je, basi filamu zimeshindwa? Mwenye kutaka filamu impindue waziri atasema ndiyo. Mimi naona ziko kazi mbili tofauti. Kutoa hukumu ni kazi ya mahakama, na mahakama haijakaa. Kuweka ushahidi ni kazi nyingine, na hiyo imefanyika. Kabla ya filamu hizi serikali ya Indonesia iliweza kunyamaza. Leo inamvisha Suharto kilemba huku wanafunzi na jamaa za waliouawa wakipinga barabarani, na kila mwenye simu anaweza kumwona Anwar akiwa juu ya paa. Cheo kimetolewa, lakini hakikutolewa gizani.

KUTOKA MEDAN HADI DADAAB

Baada ya Indonesia, Pagh Andersen alihariri Human Flow ya msanii wa Kichina Ai Weiwei, iliyotoka mwaka 2017 na kupigwa katika nchi 23. Yahusu wakimbizi, na miongoni mwa nchi hizo imo yetu, kwa sababu ya kambi ya Dadaab, iliyofunguliwa mwaka 1991. Picha zilikuwa za mamia ya saa, kutoka fukwe za Ugiriki, Bangladesh, Mosul na kwingineko. Hapa sikuona ufundi ule ule. Hamna Anwar wala Adi wa kumfuata. Kambi inafuata kambi, makaratasi ya hesabu yanapita, na Dadaab inapata dakika chache kati ya jangwa moja na jingine. Wakati filamu ile inatengenezwa, serikali ya Kenya ilikuwa imetangaza kuifunga kambi hiyo, na Mahakama Kuu ikauzuia uamuzi huo Februari 2017. Kisa kizima cha watu waliozaliwa hapo, wakasoma hapo, wakaoana hapo, kimekuwa picha iliyopigwa kutoka juu angani. Giza likiwa pana mno hata makasi mazuri hupotea njia.

Nasi kwetu tunayo ya kukatwa na kuungwa. Mauaji ya Wagalla, karibu na Wajir, yalitokea Februari 1984, mwaka ule ule wa filamu ya Suharto. Serikali ilitaja maiti 57, wenyeji wakataja maelfu. Mwaka 2015 Judy Kibinge alitoa Scarred: The Anatomy of a Massacre, ambamo walionusurika wanasema kwa vinywa vyao. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilikabidhiwa rais mwaka 2013, na wengi wa waliotajwa ndani yake kama wadhulumiwa wangali wakingoja. Mwaka 2020 filamu ya Sam Soko, Softie, ilipewa tuzo ya uhariri katika tamasha la Sundance huko Marekani, jambo ambalo lingestahili shangwe zaidi kuliko lilivyopata. Na Aprili 2025 idhaa ya BBC ilitoa Blood Parliament, iliyochunguza zaidi ya picha 5,000 za maandamano ya Juni 25, 2024 hapo Bunge la Nairobi, ikazipunguza mwendo na kuzipanga moja baada ya moja mpaka waliofyatua risasi wakaonekana. Punde vijana wanne watengenezaji filamu walikamatwa kwa madai ya kuhusika nayo. Mwenye kukamata mtu kwa sababu ya makasi amekiri kuwa makasi yana makali.

Siku hizi kila kijana ana kamera mfukoni, na picha za maiti hutumwa kabla maiti haijafunikwa shuka. Shehena tunayo, tena imezidi. Tulichopungukiwa ni watu wa kuketi nayo, wajue ni uso upi uachwe kwa muda mrefu, na ni jeraha lipi lifunikwe kwa heshima ya mwenyewe. Vyuo vyetu vifundishe kazi hiyo, na magazeti yetu yawataje wahariri kwa majina yao.

Wako hata hivyo wasioweza kutajwa. Katika orodha ya watenda kazi mwishoni mwa The Act of Killing, wananchi wengi wa Indonesia waliosaidia, akiwamo mmoja wa waongozaji, wameandikwa neno moja tu, lenye maana ya asiye na jina. Walificha majina yao kwa kuwahofia wauaji na mabwana wa wauaji. Kwa hali ilivyo tangu Novemba 2025, hawajapata sababu ya kuyafichua.